Mkono wa Hamadi kwenye Jeneza la Umba André

Mapadri wetu, masheki wetu, majirani wa Kamina, na ninyi wenzake wa reli mliokuja na nguo za kazi, mimi Léa, binti yake wa tatu, familia imenipa kazi ya kuwasomea maisha ya baba yetu, Umba Kisimba André, nami nitayasoma yote, hata ile miaka ambayo jana hapa kwenye kilio baba mdogo Ngoy aliniomba niiruke, kwa sababu bila miaka hiyo hamtaelewa kwa nini tumegombana juu ya nani atashika jeneza mbele.

Baba alizaliwa Kabongo tarehe 14 Mei 1944, mtoto wa kwanza wa Kisimba na Augustine, akasoma shule ya msingi kwa mapadri huko huko Kabongo, akaja Kamina mwaka 1958 kwa shule ya ufundi, akaimaliza mwaka 1963, akijua Kiluba cha nyumbani, Kifaransa cha mwalimu na Kiswahili cha gare ya treni, ambacho alisema ndicho chenye matusi matamu kuliko vyote.

Tarehe 1 Machi 1965 aliingia kazi ya reli, kwanza kupaka magurudumu mafuta, kisha kwenye breki, na tangu mwaka 1981 msimamizi wa mizigo, yule anayefunga milango ya wagoni na kuitia muhuri, na wafanyabiashara wote walimjua kama mtu asiyepokea hata samaki mmoja wa bure, ndipo Hamadi, mchuuzi wa samaki wakavu wa Kabondo-Dianda, alipomwambia, “Basi kuya kula kwangu, pale haitaitwa rushwa, itaitwa njala,” na baba akaenda, na tangu siku hiyo alikula kwa Hamadi kila mwezi.

Alifunga ndoa na mama yetu, Lucienne Mwenze, tarehe 8 Julai 1967, hapa hapa Kamina, wakapata watoto watano, na wote tulipita shuleni, wasichana kwa wavulana, naye alipoambiwa kwamba kumsomesha binti sheria ni kumfundisha ubishi, alijibu kwamba ubishi ninao tayari, nimebakiza sheria tu.

Tarehe 21 Januari 1995, katika robota moja la samaki la Hamadi, askari walikuta bangi, wakamchukua, na siku ya tatu alitia kidole kwenye karatasi iliyosema kwamba bangi ni yake, na kwamba Umba wa reli ndiye aliyemfungulia wagoni, baada ya wawili hao kupatana Ijumaa tarehe 13, saa sita mchana, wakinywa pombe ya lutuku kwenye baa karibu na gare. Hamadi, jamani! Hamadi ambaye hata glasi iliyonusa pombe haiingii nyumbani kwake, na ambaye Ijumaa saa sita safu nzima ya msikiti ilimwona mbele yake, lakini waliposimama kusema hivyo, mwamuzi aliuliza, “Muntu mwenye kuvunja sheria ya inchi, atashindwa kuvunja ya dini?” na akawapa wote wawili miaka kumi.

Mimi nauliza, kama maungamo peke yake yanatosha, tunafungia nini milango ya wagoni, si tuuze kufuli tununue fimbo? Na aliyeficha bangi ile kwenye samaki hajatafutwa mpaka leo, maana karatasi ilishapata mwenyewe, naye yuko mahali fulani analala vizuri.

Ndani ya buloko, yaani gerezani, baba aligawa bukari, ugali aliopelekewa na mama, mafungu mawili, nusu yake na nusu ya Hamadi, na mama alipogundua alipiga kelele, “Unalisha muntu mwenye alikuuzisha?” naye akamjibu, “Lucienne, haiko Hamadi njo alisema, ni fimbo njo ilisema.”

Mwaka 1997 vita vilipofika Kamina walinzi walikimbia, buloko ikabaki wazi, kila mtu akatoka, Hamadi akajificha Malemba-Nkulu kwa aibu, na baba akarudi nyumbani, akanyoa ndevu, kisha akaenda tribinali kudai rufaa yake ya mwaka 1995 isikilizwe, nao wakamcheka, “Mzee, buloko ilifunguka yenyewe, unarudilia nini?” na jibu lake mnalijua wote, “Minyi sitaki mlango yenye ilifunguliwa na vita, nataka yenye tribinali itafungua.”

Alirudi pale mpaka wakachoka kumcheka, akamtumia Hamadi neno kwamba aje aseme ilivyokuwa, na Hamadi akaja kwa baiskeli, kwenye njia ambayo hata askari hawakuipita bila kuomba Mungu, akasimama mbele ya waamuzi watatu, akaulizwa kwa nini, kati ya watu wote wa reli, alimtaja Umba, akasema, “Balinipiga, balitaka jina ya muntu wa reli, na minyi nilijua moja tu, ule mwenye anakulaka kwangu.”

Mwamuzi mkubwa aliinamisha kichwa, na Ijumaa tarehe 18 Juni 1999 akasoma kwamba neno lililotolewa kwa kipigo si ushahidi, wala juu ya aliyelisema wala juu ya mwenzake, na kwamba Umba Kisimba André na Hamadi hawana kosa, ndipo watu wa reli wakamsindikiza Hamadi mbio mpaka mlango wa msikiti ili asichelewe sala.

Baba alirudi kazini Septemba mwaka huo, lakini kifua alichokitoa buloko hakikupona, akalazwa tarehe 11 Septemba 2000, akatutoka tarehe 3 Oktoba, alfajiri, mama akiwa amemshika mkono, baada ya kutuambia yeye na mimi kwamba Hamadi ashike jeneza mbele, upande wa kuume.

Baba mdogo Ngoy, jana ulisema ulimi wa Hamadi ndio uliomuua kaka yako, nakuheshimu, lakini ukisema hivyo unaisadiki karatasi ile ile ambayo kaka yako alipigana miaka minne ichanwe.

Tunawashukuru madaktari na wauguzi waliomhangaikia bila dawa za kutosha, majirani waliopika na kukesha, watu wa reli, na ile safu ya msikiti iliyosema kweli wakati kweli haikusikilizwa.

Baba Hamadi, wewe uliyekaa kule karibu na lango, simama, kuya mbele, upande wa kuume ni wako, na baba mdogo atashika wa kushoto.

Nawe Umba Kisimba André, mtu asiye na kosa, pumzika sasa kwa amani.