Mzee Yaw Kumaning na Dawa ya Mikakao

Kwa niaba ya familia anasoma Adwoa, binti yake wa tatu.

Mzee Yaw Kumaning alizaliwa Alhamisi, tarehe 12 Machi 1959, hapa Wamanafo, akasoma hapahapa hadi mwaka 1975, kisha kwa miaka ishirini na mitatu akawa mnyunyizaji wa dawa katika mashamba ya mikakao. Tarehe 18 Aprili 1987 alifunga ndoa na Mama Akosua Pomaa, wakajaliwa watoto wanne.

Mwaka 1999 alianza kufuga kuku wa nyama, kazi aliyoipenda, ingawa banda lake, tuseme ukweli, lilitia kinyaa. Maranda hayakubadilishwa kundi baada ya kundi, yaligandamana kwa mavi, na Novemba hii utitiri ulijaa katika nyufa za mbao, ukiubonyeza unatoa damu, na ukimwinua kuku mkia unakuta ngozi nyeusi, imevimba, inatambaa. Mama alimwambia, "Baba Kofi, choma maranda, paka chokaa, banda likae tupu wiki mbili." Akacheka, "Na Krismasi nayo niiambie isubiri?" Adwoa alimletea unga wa dawa ya kuku kutoka chuoni, Baba akauita poda ya vichanga. "Dawa yangu imeangamiza wadudu wa mikakao," alisema, "hivi huo utitiri ni nani?"

Tarehe 28 Novemba 2022 aliikoroga dawa ya mikakao kwenye pipa, akawachovya kuku mia mbili na kumi, mmoja mmoja, mikono mitupu hadi viwikoni, utitiri ukimpanda shingoni. Jioni alianza kutokwa na mate, akatapika, akakimbizwa hospitali, akafariki Ijumaa, tarehe 2 Desemba. Wazee walitaka tusome "ugonjwa wa ghafla", Mama akakataa.

Tunawashukuru madaktari na wauguzi waliomhangaikia siku nne, majirani waliolala nasi, na wafugaji wenzake wa Wamanafo. Kuku wale tuliwafukia, mia moja tisini na tisa, Adwoa aliwahesabu mara tatu. Kumi na mmoja walichukuliwa wakati wa vilio. Supu ya leo ni ya mbuzi. Uliyewachukua, hatukuulizi jina, ila Krismasi ni wiki ijayo, tafadhali usiwachinje, usimpe mtoto hata shingo, moto wa jiko hauiondoi sumu ile, wafukie.

Nenda ukapumzike kwa amani, Baba, na uende peke yako.