Maisha ya Marehemu Gerishom Kyalo Mutiso na Kinywaji Chake cha Balungi

Mchungaji, wazee mliosafiri kutoka Mwala, majirani zetu wa hapa mtaa wa Barani, wenzake wa kazini na nyote mliokuja kutusitiri, wakubwa shikamooni, wadogo tunawasalimu, haya ndiyo maisha ya ndugu yetu Gerishom Kyalo Mutiso, yameandikwa na mkewe Mueni, na yanasomwa na kaka yake mkubwa, Phineas, ambaye amemwahidi mama yao kwamba atayasoma yote bila kuruka mstari, hata ule atakaoona haya kuutamka.

Gerishom alizaliwa tarehe 12 Aprili 1958 huko Mwala, wilaya ya Machakos, mtoto wa nne na wa mwisho kwa mzee Mutiso, akaanza shule ya msingi hapo hapo kijijini mwaka 1965, akamaliza darasa la saba mwaka 1971, mtihani akaupita, lakini mvua zilikataa na ng'ombe wakafa, sekondari akaishia kuiona kwa nje ya ua. Mwaka 1976 alimfuata mjomba wake hadi Gongoni, akafanya kibarua cha kukwangua chumvi, jua juu na mwanga wa chumvi chini, nyayo zikampasuka, na huko ndiko alikopata ile tabia ambayo mkewe hakuipenda hata siku moja, ya kumwaga chumvi kiganjani na kuilamba kama mbuzi, hata mbele ya wageni.

Mwezi wa Machi 1981 alihamia Malindi, akaajiriwa kuosha gilasi katika hoteli moja ya watalii, na kwa kuwa alikuwa na mikono myepesi na ulimi mtamu, mwaka 1984 alipandishwa akawa mhudumu wa baa, akavaa shati jeupe na tai nyeusi ya kipepeo, akajifunza kuchanganya vinywaji ambavyo majina yake hata kuyaandika ni kazi. Tarehe 7 Desemba 1985 alifunga ndoa na Mueni, binti aliyekuwa amemaliza kidato cha nne mwaka uliotangulia, wakajaliwa watoto wawili, Idah, aliyezaliwa tarehe 3 Novemba 1986, na Kasiva, aliyezaliwa tarehe 2 Juni mwaka huu wa 1988, ambaye bado ananyonya na ndiye mnayemsikia akilia.

Alikuwa mume mwema, hili liandikwe kabla ya mengine, alichota maji mwenyewe mkewe alipokuwa mjamzito na wanaume wa kisimani wakamcheka, "Kyalo, umeolewa wewe?" naye akawajibu, "Ndiyo, na mahari nimelipa mimi," wakacheka mpaka ndoo zikamwagika.

Mwezi wa Januari mwaka huu mgeni mmoja wa hotelini, mama wa Kizungu aliyekuwa akirudi kwao, alimwachia chupa ya pombe kali ya tekila iliyofika nusu, chupa ndefu nzuri yenye picha ya mmea kama mkonge wa Vipingo, na Gerishom akaja nayo nyumbani kana kwamba amebeba mtoto mchanga, akamketisha mkewe kitini, akasema leo utakunywa kama mgeni. Alikata ndimu akapaka mdomo wa gilasi, akaipindua gilasi juu ya sahani ya chumvi, akatia barafu aliyoibeba kwenye chupa ya chai, tekila vidole viwili, maji ya nusu ndimu, maji ya balungi mpaka karibu na ukingo, na soda isiyo na sukari kidogo ya kuamshia povu. Mueni alionja tone moja akatema uani, akamwambia, "Baba Idah, hii ni kama mtu amekamua mwarobaini juu ya pamba ya hospitali," naye akacheka, akasema ulimi wako bado uko Machakos, akainywa yote yeye, akalamba na ile chumvi ukingoni kuzunguka gilasi nzima, ulimi nje, na Mueni akageuza uso kwa kinyaa.

Tangu siku hiyo nyumba haikuwa na harufu nyingine. Mabalungi yalitoka kwenye mti wa Bi Khamisa, mwenye nyumba wetu, ambaye alikuwa akimpa Mueni apate nguvu, kwanza akiwa mjamzito na kisha baada ya kujifungua, na siku aliyogundua yanakokwenda alisimama mlangoni, mkono kiunoni, akasema, "Gerishom mwanangu, tunda la Mola nimempa mzazi, wewe walitia mkojo wa shetani?" naye akamjibu kwa adabu, "Nisamehe bibi, cha shetani ni kimoja tu kati ya vitu vitano ninavyotia," na yule mama akaondoka akivuta buibui lake asije akaguswa na kinyesi cha nzi waliokuwa wakizagaa juu ya maganda.

Tekila ya yule mgeni iliisha mwezi wa Machi, lakini chupa haikutupwa, Gerishom aliipenda ile picha, akawa anaijaza konyagi, akiipata. Ubatizo wa Kasiva ulipopangwa kuwa Jumapili tarehe 14 Agosti, alitaka wenzake sita wa baa wapate kinywaji cha hoteli nyumbani kwake, na rafiki yake Dedan, aliyefanya naye zamu moja, akaleta dumu la spiriti alilopewa na mtu wa kupiga vanishi. Dedan amelazwa hospitalini, na ni yeye aliyesema, "Shemeji, andika jina langu, usinifiche," kwa hiyo limeandikwa.

Mueni aliuliza kama hiyo ni ya kunywa, Gerishom akafunga mlango wa jiko, akamimina kijiko kimoja juu ya kifuniko cha sufuria, akawasha kiberiti, mwali ukatoka wa buluu, akasema, "Umeona Mama Idah? Buluu ni safi, nyekundu ndiyo inayoua," na hivi ndivyo wanaume wote hapa Barani wanavyopima, wengi wenu mliokaa hapa mmepima hivyo, na daktari amesema mwali hausemi kitu, sumu iliyokuwa ndani ya spiriti ile nayo huwaka buluu. Mkewe aliamini, ndiye aliyekamua mabalungi ishirini na mawili kwa mikono yake, ndiye aliyechuja mbegu kwa kitambaa, akatia ndimu, Gerishom akamimina ile spiriti, naye Mueni akaonja tone kama chumvi imetosha, balungi lina uchungu na uchungu ule ndio uliofunika kila kitu, wakajaza chupa tatu, mbili zilizokuwa za maji ya matunda na moja ile ya picha ya mkonge, wakaziweka chini ya kitanda penye ubaridi.

Jumapili mchungaji alipokwisha kula na kuaga, Gerishom na Dedan walimaliza kile kilichobaki kwenye jagi baada ya chupa kujaa, wakiwangoja wenzao, lakini hotelini ilifika ndege ya wageni na zamu ikaongezwa, wale sita hawakuja, na Mueni siku ile alikasirika kwa chakula kilicholala, leo anapiga magoti kumshukuru Mungu kwa ajili ya wageni wale wa ndege. Jumatatu asubuhi marehemu aliamka akitapika, kitu cha kijani, chenye harufu ileile ya jiko, mkewe akidhani ni ulevi akamwekea karai na kumnunia, akapangusa sakafu mara nne huku mtoto mgongoni, akichukia, hili nalo ameomba lisomwe, akichukia kabisa. Saa sita mchana, jua limejaa dirishani, Gerishom aliuliza kwa nini wamefunga dirisha. Alipelekwa hospitalini, akaangaliwa usiku kucha, na Jumanne tarehe 16 Agosti, saa nne asubuhi, akafariki, akiwa na umri wa miaka thelathini. Dedan yuko hai, lakini anamtambua mkewe kwa sauti.

Sasa wapendwa, kaka yake huyu anayewasomea alimshauri Mueni aandike malaria, malaria haina aibu, na Mueni akamjibu, "Shemeji, malaria haikai chini ya kitanda ikimngoja mtu mwingine," kwa sababu aliporudi kutoka hospitalini, nyumba imekwisha kujaa watu, aliinama kuzitoa chupa zile, akakuta mbili. Mbili alizimwaga chooni mbele ya mama mkwe. Ya tatu, ile ndefu yenye picha ya mkonge, haikuwepo, na tangu Jumanne nyumba hii imelala watu wa matanga, wengine ndani na wengine chini ya turubai, na hakuna anayeitwa mwizi hapa, pengine mtu aliiona nzuri akaitaka ya kuwekea mafuta ya taa, pengine mtu ameihifadhi kwa jioni ya leo, tukishaondoka na mnaobaki mkikaa kumkumbuka mwenzenu kwa kile alichokipenda. Mueni amewatazama mikononi siku nne, kila anayempa pole anamnusa pumzi, amechoka, na anaogopa.

Basi familia imekubaliana hivi. Nyuma ya jiko kuna karai kubwa na birika la maji, kila mmoja wetu, mwanamume kwa mwanamke, atapita huko kunawa mikono kabla ya safari, mmoja mmoja, na Bi Khamisa atakaa mlangoni akiupa ukuta uso, hatamtazama mtu, na aliye nayo aiache ndani ya karai aende zake, hataulizwa leo wala kesho. Aliyekwisha kuionja, hata funda moja, hata kama anajisikia mzima, aseme sasa hivi, gari la hoteli liko barabarani na dereva amekaa ndani, marehemu naye alijisikia mzima Jumapili nzima. Lori la kwenda Mwala lipo, mafuta yapo, kaburi limechimbwa, lakini mama yake Gerishom amesema jeneza la mwanawe halitainuliwa hapa mpaka chupa ile ionekane, hata likishinda kutwa, hata jua likizidi na mwili ukaanza kunuka, tutanuka wote pamoja.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi waliompigania ndugu yetu na ambao bado wanampigania Dedan, uongozi wa hoteli kwa gari na kwa jeneza, mchungaji na akina mama wa kanisa waliopika, Bi Khamisa aliyemnywesha Kasiva uji kwa kijiko siku mbili ambazo mama yake aliogopa kumpa ziwa kwa sababu ya lile tone aliloonja, wazee wa Mwala kwa safari ndefu, na wewe uliye na ile chupa, tunakushukuru mapema.

Gerishom Kyalo, baba Idah, baba Kasiva, ulipenda kukaribisha watu, na wengi walikuitikia, lakini safari hii usimkaribishe mtu. Pumzika kwa amani, pumzika peke yako.