Jaketi Yangu kwa Mwili wa Adui

Ndugu zangu motari, waendesha piki wenzangu, na weye bibi yangu, Mama Neema, uliyeketi pale nyuma, Mungu asifiwe, maana bado niko na ngozi ya kusimama nayo hapa mbele yenu, nitoe ushuhuda. Musicheke, nasema kweli.

Wakati wa vita nilikuwa kijana wa kusapa, wa kuvaa maridadi. Kaske, ile kofia ngumu ya piki, niliiacha nyumbani sababu inaharibu nywele, lakini jaketi yangu nyeusi ya ngozi, ile sikuiacha. Niliivaa vile siye wote tunavaa: mugongo mbele, upepo usiingie kifuani, bibi yangu ananifungia zipu nyuma. Sasa, kwa bariyeri moja ya milisia, pale walipofunga njia ya kwenda Nizi, kijana mwenye bunduki akasema, "Motari, vua. Hiyo kitu iko muzuri kuliko weye." Zipu ilikuwa mugongoni, mikono haikufika. Akanivua mwenyewe, ananipiga mateke, wenzake wanacheka.

Nikapanda piki, nikaondoka na tisheti tu. Kwa muteremuko nikateleza mu changarawe, mukono huu ukachunika mpaka nyama. Muko munaona? Bibi yangu alinisafisha kidonda na maji ya chumvi, na kila akigusa, mimi naona ile sura ya yule kijana. Sikuomba kupona, ndugu zangu. Niliomba nikutane naye.

Na nilikutana naye! Askari wa kigeni walipokataza bunduki mu muji, nikamuona sokoni, bibi yangu yuko pembeni yangu. Amefunga zipu mbele kama mutu wa biro, wa kazi ya ofisini, lakini mugongo wa jaketi umepauka na jua na vumbi, kifua iko mupya. Ni yangu! Nikavuta pumzi nimupigie kelele: "Milisia!" Munajua neno hilo lilifanya nini sokoni siku zile. Asingefika jioni.

Bibi yangu akanishika. "Baba Neema, nilikuosha uishi, sikukuosha uue. Mwambie avue."

Nikamufikia. "Vua." Bila bunduki alikuwa mudogo. Akaangalia motari waliokuwa wanasogea, akavua. Ndani hakuvaa kitu. Nikamufuata nyuma polepole mpaka mwisho wa soko, ili haya imuingie vizuri.

Bibi yangu, aksanti. Nanyi motari muliosimama bila kumugusa, aksanti. Vijana, vaeni nguo nzito, mikono mirefu, viatu vya kufunga, na kaske. Kusapa ni kwa siku ya ibada. Na muniombee nimusamehe yule mutu. Lakini musiombe kwa nguvu sana, bado kidogo.