Amri Iliyonihamisha Mbali na Mama

Bwana asifiwe, kanisa! Itikieni kwa nguvu, maana kule nilikokuwa nilisema "Bwana asifiwe" peke yangu chumbani, na hakuna aliyeitika.

Ndugu zangu, mnajua mimi ni karani wa serikali ya huku ugenini, pale mjini Parramatta. Mnamjua na mama yangu, yule bibi wa kitenge anayependa kiti cha mbele. Uzee umemnyang'anya mengi. Kifaransa kimekwenda, Kiingereza hakikuwahi kufika, kimebaki Kiswahili tu. Binti yangu Furaha, anayesoma chuo, anamwelewa bibi yake lakini anamjibu kwa Kiingereza. Basi nyumbani wa kuongea na mama ni mimi.

Ikaja amri nihamie tawi la bara, mji ambao treni inaondoka asubuhi na kufika jioni. Wakubwa wakaniuliza kama nina sababu ya kubaki. Nikajibu sina! Mnacheka? Kwetu Uvira mama hatajwi mbele ya wageni kama mzigo. Na tena, nchi iliyonipokea nikiwa mkimbizi, mimi ni nani niikatalie? Nikamwachia Furaha bibi yake, nikaenda.

Jamani, nililia! Nilitamani hata kwaya yetu, na ile sauti ya tatu inayopotea kila Jumapili. Zaidi nilimtamani mama. Nikimpigia simu hanitambui. Ananiambia kwa heshima, "Mwanangu yuko kazini, mama. Atarudi jioni, umpigie." Jioni nikipiga, ni maneno yale yale. Niliomba mpaka nikakosa la kusema, nikawa nataja jina la mama tu mbele za Mungu.

Ndipo Mungu akamtumia Dada Moraa, nesi wetu Mkenya. Akanifokea kwenye simu: "Mama Furaha, wacha woga! Hapa hata serikali unaweza kui-challenge. Ongea na union wakupatie lawyer. Huyo shosho, mama yako, hana mtu mwingine wa kuongea naye kwa nyumba!"

Nikawaendea chama cha wafanyakazi, wakanipa wakili, tukaipinga amri mahakamani. Kesi ikaitwa. Wakili wa idara akasimama, akasema mimi mwenyewe nilikiri sina sababu. Ni kweli! Hakimu akaniuliza mbona nilinyamaza. Bwana akakifungua kinywa changu. Nikasema, "Mheshimiwa, niliona aibu kumtaja mama yangu kama shida. Si shida. Anaongea lugha moja, na nyumbani ni mimi tu ninayemjibu."

Hakimu akaona wakubwa walijua, kwa sababu likizo zangu za kumpeleka mama hospitali waliziidhinisha wao. Akasema walipaswa kulipima hilo kabla ya kunihamisha. Amri ikafutwa! Haleluya!

Namshukuru Mungu, na ninyi mliomletea mama ugali na maneno. Wewe uliyekaa hapo na jambo moyoni, unaona aibu kulisema, mtegemee Yesu ulitamke. Mimi kunyamaza kulinitesa kuliko ile amri.

Ngoja nimalizie. Siku niliyorudi nilimkuta mama amekaa karibu na mlango. Hakushangaa, kwake nilikuwa nimetoka kazini tu. Akanishika mkono, akaninong'oneza, "Kuna mama mmoja anapiga simu kila siku, anakutafuta. Sauti yake ina majonzi. Mwanangu, umtafute."

Nikapiga magoti pale pale mlangoni. Nikamwambia, "Mama, ameshanipata."