Shada la Aksel Brønnum

Benchi letu liko bandarini Nyhavn, mkabala na meli, pale Bi Karoline anapoegesha mkokoteni wake wa kahawa. Asubuhi ile ya mwaka 1912 tulikuwa wanne. Mimi, Gundi, mbandika mabango ya michezo ya kuigiza. Villads, tunayemwita Mnong'ono, maana kazi yake ni kujificha chini ya jukwaa na kuwakumbusha waigizaji maneno yao. Jeppe Admirali, ambaye hajavuka bahari zaidi ya Malmø, ng'ambo hapo tu. Na Aksel Brønnum mwenyewe. Miaka ishirini alitamba jukwaani, halafu koo likamharibikia, sauti ikabaki mkwaruzo, wakamfukuza. Akaangukia kwenye filamu, ambako hakuna anayesikia mtu. Sasa kampuni ilimtaka mwaka mwingine. Karatasi ya mkataba ilikuwa gotini pake, ilipaswa kusainiwa kabla ya saa sita mchana, naye anawaza kwenda Randers kufuga nguruwe na kaka yake. Mimi iliniuma kweli.

— Usisaini, akasema Mnong'ono. Filamu ni kivuli. Nani anakumbuka kivuli?

— Wivu tu huo, nikamjibu. Kule hakuna wa kumnong'oneza.

— Asiyesikia la mkuu huvunjika guu!

— Mwenzetu kaharibika koo, mzee. Miguu mizima.

Admirali akadakia:

— Ile filamu ya nahodha, si walimpiga picha za miisho miwili? Mmoja anaokolewa, anaoa. Wa pili anazama. Sisi tukaonyeshwa harusi. Ule wa kuzama uko wapi?

— Umetupwa, nikamjibu.

— Thubutu! Basi duniani kuna Brønnum wawili. Huyu akifa, yule aliyeoa anabaki na mke!

— Mfa maji haachi kutapatapa, Bi Karoline akasema, akimmiminia Admirali kahawa.

— Filamu zinanyonya, jamani, Mnong'ono akaendelea. Kwanza sauti, kisha nywele. Haba na haba hujaza kibaba. Mtazameni kichwa!

Brønnum akapapasa upara wake.

— Imetosha, akakwaruza. Jukwaani niliwasikia wakilia. Huku sisikii mtu. Nakwenda Randers.

Hapo akatokea baharia kijana, Mrusi, Kidenishi chake cha kuokoteza. Kofia ilikuwa kwapani, na mkononi alishika shada la maua lenye utepe mweusi.

— Shikamooni, wazee. Kaburi la mwigizaji Brønnum liko wapi?

Admirali alipaliwa na kahawa.

— Kwetu Urusi, mjini Riga, tulimwona kwenye filamu anazama, kijana akaeleza. Mama alilia siku mbili. Kaniambia nisirudi kabla sijamwekea maua.

Brønnum akasimama taratibu, akageuza uso kwenye mwanga. Kijana akamtazama pua, akamtazama upara, akafanya ishara ya msalaba.

— Mama yako, Brønnum akauliza, na nilimsikia vizuri kabisa, alilia nilipozama?

— Hapana, mzee. Kabla. Ulipovua pete ukaitia mfukoni.

Brønnum akapokea shada kwa mikono miwili. Kisha akalaza karatasi juu ya mkokoteni na kupapasa mifuko yake yote. Penseli alipewa na Mnong'ono.