Filimu ya Papa Modeste

Bwana padri, wapendwa wa Mumosho na wa Kadutu, jamaa imeniomba mimi Aurore, mutoto wake wa pekee, niwasomee maisha ya papa yangu, Modeste Birindwa, na nitajikaza nifike mwisho.

Alizaliwa Mumosho tarehe 12/03/1953, wa tatu kwa watoto saba, akasoma shule ya musingi kulekule, kisha sekondari hapa Bukavu, akapata diplome mwaka 1973. Mwaka uliofuata mapadri walimupa kazi ya kuzungusha filimu vijijini, Luhwindja mpaka Luberizi, na kwa kuwa filimu zilisema Kifaransa, yeye alisimama pembeni ya kitambaa cha kuonyeshea picha akisema sauti zote kwa Kiswahili, ya muzee, ya bibi-arusi, hata ya mbuzi.

Tarehe 18/08/1984, katika parokia ya Kadutu, alifunga ndoa na Eulalie Cibalonza. Mwaka 1989 alitengeneza filimu yake moja tu, Mavuno ya Luberizi, juu ya mwanamuke anayemungoja bwana yake katika mashamba ya mupunga, na mwanamuke huyo ni maman. Mashine haikushika sauti, basi papa akamusemea bibi yake maneno yote, dimanche sita nyuma ya misa, katika sale ya mikutano ya parokia. Picha ya mwisho tu hakuisemea: maman anageuka, anatuangalia, papa anawaambia watu kwamba hapo wataona wenyewe, kisha ananyamaza.

Maman alikufa tarehe 02/02/1991, siku tatu nyuma ya kunizaa. Vita ya 1996 ilichukua nyumba, picha za harusi, na filimu, kopi ikiwa moja. Papa alikuja kukuta sokoni Nyawera mama mumoja anakaangia karanga katika bati la mviringo lililowekewa filimu yake, hakugomba, alinunua karanga pale kila Jumamosi, siku ya posho, mpaka alipopewa lile bati, ndilo liko juu ya sanduku lake leo. Toka pale alifundisha vijana kushika kamera, akiwagombeza wafanye kopi mbili, na mimi nilikuwa nakasirika, maana alichelewa kulijua hilo.

Kila tarehe mbili ya mwezi wa pili aliniketisha mbele ya ukuta mutupu, akanisimulia filimu yote, naijua kwa kichwa. Nilipouliza kama mwishoni maman anacheka ao analia, alijibu nitaona mwenyewe, na jibu hilo liliniudhi tangu utoto.

Figo zilimusumbua toka Septemba 2023. Tarehe 19/05/2024 asubuhi, pale hospitali, alianza kusimulia, akafika picha ya mwisho, akanyamaza, nikangoja, nikangoja tena, ndipo nikajua ameenda.

Tunawashukuru madaktari na wauguzi, majirani waliopika na kukesha nasi, walimu wenzake na wanafunzi. Na wewe uliyeketi katika ile sale mwaka 1989, nakuomba, tukitoka makaburini pitia nyumbani, uniambie maman alikuwa na uso gani.

Papa, mimi ningali nauliza, wewe sasa unamuona mwenyewe, pumzika kwa amani.