Kiyoyozi cha Mgeni, Joto la Bi Shaikha

Mgeni rasmi, Ustadh Jaifar, mjumbe wa kamati inayokusanya maoni juu ya nani apange bei ya umeme; majirani wa Mabela, hapa Maskati; assalamu alaikum.

KARIBU
Tunashukuru umeziacha ofisi za Al Khuwair ukaja kwetu saa nane mchana, mwezi wa Juni. Tuwie radhi kwa joto la majlisi hii, sebule ya wageni. Hakuna kilichoharibika, sababu tutaieleza.

TULIKOTOKA
Umoja wetu ulianzia kwa Bi Shaikha, mwenye nyumba hii, mzaliwa wa Unguja. Ana pumu. Joto likizidi, kifua humbana. Huwasha kiyoyozi cha chumbani, kisha hukaa akitazama saa ya ukutani na kuhesabu gharama ya umeme, hatulii, mpaka akizime. Mwanawe anataka kumhamishia kwake Ghubra hadi Septemba, joto lipungue. Bibi hataki. Amewaona wenzake waliohamishwa kwa muda, na nyumba zao sasa zina wapangaji.

TULIYOJIFUNZA
Msellem, fundi bomba mstaafu, amejisomea mambo ya nchi za shirikisho. Katika baadhi yake, serikali kuu hutunga sheria za njia kuu za umeme, na majimbo husimamia bei ya majumbani. Kwingine pande mbili hizo huvutana mahakamani. Hakuharakisha kuhukumu. Jimbo likiachiwa kila kitu, lililo maskini huumia. Likinyimwa yote, bei hupangwa na asiyejua nani anatokwa jasho. Nchi yetu si ya shirikisho, nasi hatuombi iwe.

KOSA LETU
Mwaka jana alikuja ofisa kutusikiliza. Bi Shaikha alizima kiyoyozi chumbani siku nne, abane matumizi, ili majlisi ipate kupoa. Yule bwana alikunywa kahawa, akaomba shali ajifunike mabega, akasema, "Mashaallah, nyinyi mna raha." Akaandika hivyohivyo. Kila barua tuliyopeleka baadaye ilijibiwa kwa maandishi yale.

Jana tulimwomba Bibi leo asiwashe.

"Mgeni atokwe jasho kwangu? Nna miaka sabini na sita, sijamfanyia mgeni hivyo."

"Bibi, adabu yako ndiyo iliyotuziba midomo," akasema Msellem.

"Na yako wewe iko wapi? Umeisahau kwenye mabomba ya watu?"

Tulicheka. Yeye hakucheka. Alichukua rimoti chini ya mto, akampa Msellem.

TUNAYOOMBA
Bei ibaki mikononi mwa taifa. Lakini sheria iseme wazi kwamba kabla ya bei ya kiangazi kupitishwa, baraza la kila mkoa liulizwe, na jibu lake liandikwe hata likikataliwa. Wenzetu wa milimani hata kiangazi hulala na blanketi. Sisi hatujui tulalaje.

La pili ni dogo. Uandike hapahapa unavyojisikia sasa, kabla hujarudi kwenye gari lako lenye baridi.

Umemwona Bi Shaikha akiinuka mara tatu tangu tuanze kusoma. Anataka kukuwashia. Rimoti ameikalia Msellem. Begi la Ghubra liko nyuma ya mlango, nusu limejaa, na Bibi anasubiri kuona utaandika nini.

Mwenyezi Mungu aipe kalamu yako ukweli na njia yako kivuli.

Imesomwa na Zakiya, kwa niaba yetu sote:
Umoja wa Majirani wa Bi Shaikha,
Mabela, Maskati.